Mikate ya jibini ya Minas Gerais: jinsi ya kuioka nyumbani kwa wanga wa muhogo, bila gluteni

Ukikatazwa ngano na daktari, kinachochosha kuliko kujizuia kwenyewe ni kulishwa vyakula vya kuigiza. Unapewa mkate wa unga wa mchele uliotiwa kila aina ya kinachonata ili ufanane na wa ngano, na kila tonge linakukumbusha ulichokosa. Mikate midogo ya jibini ya Brazil, pão de queijo (hutamkwa kama "pau ji keiju"), haina shida hiyo. Ni mikate ya muhogo tangu ilipoanza kuokwa. Ngano haikuwahi kuwemo, kwa hiyo hakuna pengo la kuzibwa, na aliyekatazwa gluteni, ile protini ya ngano inayoufanya unga unate na kuvutika, anakaa meza moja na wenzake akila kile kile wanachokula wao.

Hamira haihitajiki, baking'i pauda haihitajiki, wala hakuna kukanda kwa saa nzima. Kuna mambo mawili tu yanayotaka uangalifu wa kweli, wanga wenyewe na maziwa ya moto, na hayo nitayaeleza kwa kirefu kwa sababu hapo ndipo wengi wanapoharibikiwa.

Mikate hii ni ya wapi

Minas Gerais ni jimbo la milima kusini-mashariki mwa Brazil, halina pwani, na lilitajirika kwa dhahabu katika karne ya 18. Unga wa ngano ulikuwa adimu na ghali huko ndani. Muhogo na ng'ombe wa maziwa vilikuwepo karibu kila shamba. Katika majiko ya mashamba hayo, ambako kazi kubwa ilifanywa na watumwa wenye asili ya Afrika, wanga wa muhogo ulikutana na maziwa, mayai na jibini lililokauka hadi likawa gumu kukatika. Lilikwaruzwa, likachanganywa, likatiwa motoni. Wengi huurejesha mwanzo wa mikate hii kwenye karne hiyo, ingawa kuenea kwake Brazil nzima kulikuja baadaye sana, katikati ya karne ya 20. Siku hizi huikosi kwenye kituo cha basi wala uwanja wa ndege wa nchi hiyo, na tarehe 17 Agosti ni siku yake maalumu.

Kwa msomaji wa Afrika Mashariki kuna undugu wa kweli hapa. Muhogo asili yake ni Amerika Kusini, na Wareno ndio waliouvusha bahari kutoka Brazil kuja Afrika kuanzia karne ya 16. Mzizi tunaouchemsha kwa nazi, tunaouchoma na kuutia pilipili na ndimu, ndio huo huo. Na habari ya mikate isiyo na ngano si ngeni kwetu pia: vitumbua na mkate wa kumimina ni vya mchele tangu zamani.

Wanga ni kitu kimoja, unga wa muhogo ni kingine

Hili ulishike kabla hujatoa hela. Unga wa muhogo unaosagwa kutokana na makopa, ule wa ugali, ni mzizi mzima uliokaushwa: una nyuzi na kila kitu. Udaga nao, uliovundikwa kisha ukakaushwa, ni vivyo hivyo. Ukiutumia huo utapata vipande vizito, vikavu, vyenye ladha ya ugali uliolala. Kinachotakiwa ni wanga mtupu, yaani ile sehemu nyeupe inayotuama chini ya maji baada ya muhogo kukunwa na kukamuliwa. Madukani mara nyingi pakiti huandikwa tapioka, na kama imeandikwa Kithai au Kivietinamu usiogope, huko hutengenezwa wanga mzuri sana. Angalia tu isiwe tapioka ya punje, ile ya kupikia uji mtamu.

Una shaka na ulichonunua? Chukua kijiko kimoja, kiweke kwenye bakuli, kimiminie maji yanayochemka huku ukikoroga. Wanga halisi utageuka uteute unaopitisha mwanga, unaovutika. Unga wa muhogo utabaki mweupe na mzito. Ukiubana mkavu kati ya vidole, wanga hulia na kuteleza, na unga haulii.

Brazil kuna wanga wa aina mbili, na majina yake yafaa uyajue kwa sababu ndiyo utakayoyaona kwenye pakiti ukiingia duka la Wabrazili, iwe Lisbon, London au Boston. Polvilho doce ni wanga mtamu, yaani usiochachushwa, uliotuamishwa ukakaushwa basi. Polvilho azedo ni wanga mchachu, ulioachwa uchachuke majini kwa wiki kadhaa kisha ukaanikwa juani. Mtamu hutoa mkate laini juu, wenye kiini kizito kinachovutika. Mchachu hufura sana, hukauka nje, na ndani huwa na matundu na ukali kidogo wa ladha. Wapishi wa Minas hubishana juu ya upi ni bora bila kumaliza. Mimi napendelea nusu kwa nusu. Lakini ukiwa na mtamu peke yake, kama itakavyokuwa kwa wengi wanaonunua tapioka ya Asia huko Muscat, Dubai au Nairobi, usisite. Mikate itakuwa mizuri, itafura kidogo kuliko ya mchachu, basi.

Wanga wa mahindi, ule wa kutia sosi uzito, hauwezi kushika nafasi hii. Hauvutiki. Wanga wa viazi nao una tabia yake nyingine. Ukikosa wanga wa muhogo, pika kitu kingine siku hiyo.

Ukitaka kutengeneza wanga mwenyewe

Anayeishi karibu na muhogo mbichi hana haja ya kuhangaika na maduka. Nunua muhogo uliochimbwa siku hiyo hiyo au jana yake, usio na mistari ya bluu ndani. Menya maganda yote mawili, lile la nje la kahawia na lile nene la ndani, osha, kisha ukune au uusage kwenye blenda na maji mengi. Mimina kwenye kitambaa safi na ukamue kama unavyokamua tui. Rudisha machicha majini, kamua tena, na mara ya tatu. Acha yale maji meupe yatulie kwenye ndoo kwa saa nne au tano bila kuguswa.

Juu yatabaki maji ya rangi, chini tabaka gumu jeupe. Mwaga maji yale polepole, tena mbali na kuku na mbuzi, kwa sababu muhogo, hasa ule mchungu, una sumu ya sayanaidi inayotoka na maji ya kukamulia. Tia maji safi, vuruga, acha yatuame tena, mwaga. Rudia hadi maji ya juu yawe maangavu. Kisha vunjavunja tabaka lile, tandaza kwenye sinia juu ya kitambaa, anika juani huku umefunika kwa chandarua kuzuia vumbi na nzi. Ukikauka kabisa, chekecha. Kilo tano za mihogo mibichi hukupa chini ya kilo moja ya wanga, kwa hiyo panga kazi hii kwa siku ambayo una mikono ya kukusaidia.

Jibini

Katika Minas hutumika jibini la kienyeji la maziwa mabichi ya ng'ombe, lililokaa hadi likakauka na kukolea chumvi. Maarufu zaidi ni la milima ya Canastra. Ufundi wa kutengeneza jibini hilo ulitambuliwa na UNESCO mwezi wa Desemba 2024 kuwa urithi wa kiutamaduni wa binadamu, na nadhani kila anayekula mikate hii na jibini la kule anaelewa kwa nini.

Nje ya Brazil huwezi kulipata kirahisi, na si lazima. Unachotafuta ni mambo mawili kwa pamoja: chumvi na ukali wa jibini kavu, na kuyeyuka kwa jibini laini. Parmesan peke yake ina ladha kali ila hukausha mkate. Mozzarella peke yake huyeyuka vizuri na kupooza kabisa. Changanya theluthi moja ya Parmesan au cheddar iliyokomaa na theluthi mbili za gouda, na utakuwa karibu sana na asili. Aliye Goma, Bukavu au Kigali ana bahati yake: jibini la Masisi, lile la mviringo la maziwa ya vilima vya Kivu Kaskazini, liko katika ukoo wa gouda na linafaa mno, hasa lile lililokaa kidogo hadi likaanza kuwa gumu.

Nunua kipande kizima, ukwaruze mwenyewe kwenye matundu madogo. Lile linalouzwa limeshakwaruzwa hunyunyiziwa wanga ili lisishikane, na kwa mtu wa siliaki, yaani ugonjwa wa utumbo unaochochewa na gluteni, kila kitu kilichonyunyiziwa kitu kinaongeza swali lingine la kujiuliza. Jibini la kusambaza kwenye mkate, lile la vikopo, liache.

Vipimo

Hivi vinatoa mikate kama thelathini na tano hivi, kila mmoja wa gramu 35. Ukiwa peke yako gawa kwa mbili, au oka nusu na ugandishe nusu.

Wanga wa muhogo gramu 500 (ukiwa na aina zote mbili, 250 kwa 250). Maziwa mililita 250, na mengine kidogo pembeni. Mafuta ya kupikia yasiyo na harufu mililita 120. Chumvi kijiko kimoja cha chai, na upunguze hadi nusu kama jibini lako ni la chumvi kali. Jibini lililokwaruzwa gramu 300. Mayai matatu ya wastani.

Nakusihi utumie mizani kwa wanga. Kikombe cha wanga uliotikiswa na kikombe cha wanga uliomwagwa tu vinapishana sana, na mchanganyiko huu hausamehi tofauti hiyo. Vilivyobaki unaweza kupima kwa macho na vijiko.

Maziwa ya moto

Tia wanga kwenye bakuli kubwa lisiloharibika kwa joto. Kwenye sufuria weka maziwa, mafuta na chumvi, teleka motoni. Ngoja yachemke kweli kweli, yapande juu. Maziwa ya vuguvugu hayafai, na hapa ndipo subira inapolipa. Yakishapanda, yatoe na uyamimine yote mara moja juu ya wanga, huku mkono wa pili unakoroga kwa mwiko.

Utaona mabonge, sehemu kavu, sehemu zinazonata na kung'aa. Ndivyo inavyotakiwa. Wanga wa muhogo huanza kuiva na kugeuka uteute kwenye joto la nyuzi 60 hadi 70 hivi za Selsiasi, na kwa kuwa maziwa hayatoshi kuuivisha wote, sehemu inaiva na sehemu inabaki mbichi. Ile iliyoiva ndiyo inayoushika mkate badala ya gluteni: inakuwa ngozi inayovutika, inayozuia mvuke usitoroke wakati wa kuoka. Ile mbichi itaivia ndani ya oveni. Ukiruka hatua hii, ukatumia maziwa baridi, hutapata kitu cha kufinyanga.

Endelea kukoroga dakika mbili tatu hadi usione unga mkavu. Kisha acha. Mchanganyiko upoe hadi uweze kutia mkono bila kuungua, kama dakika ishirini. Mayai yakiingia kwenye mchanganyiko wa moto yataiva vipande vipande, na hakuna namna ya kuyarudisha.

Mayai, kisha jibini

Piga mayai mawili ya kwanza kwa uma, mimina kidogo kidogo huku unakanda kwa mkono. Mwanzoni mchanganyiko utakataa: utateleza, utakatika, utajaa kati ya vidole. Endelea kuubana na kuukunja, kwa dakika kama tano, hadi ulainike na kuungana. Mwenye mashine ya kukandia aitumie, itamwokoa.

Yai la tatu ndilo la kuamulia. Lipige, tia nusu, angalia. Wanga hutofautiana kwa ukavu na mayai hutofautiana kwa ukubwa, hivyo sitakuambia kipimo cha mwisho. Nitakuambia unachotafuta. Mchanganyiko uwe laini, unaonata kwenye mkono mkavu lakini unaoachia mkono uliopakwa mafuta, na donge ukilikalisha juu ya sahani libaki limesimama kwa angalau dakika moja, likilala kidogo tu. Likitambaa kama uji, umezidisha majimaji, ongeza wanga kijiko kimoja kimoja. Likipasuka pembeni unapoliviringisha, tia yai lililobaki au maziwa kijiko kimoja.

Jibini liingie mwisho. Kanda mpaka lisambae tu, usiendelee zaidi. Onja kidogo sana kwa ncha ya ulimi kama unaamini mayai yako, au oka donge moja la majaribio, ujue chumvi.

Kufinyanga

Paka viganja mafuta. Chota mchanganyiko kwa kijiko, viringisha uwe na ukubwa wa ndimu ndogo. Ukubwa ulingane kwa mikate yote ya trei moja, la sivyo midogo itakauka wakati mikubwa bado mibichi ndani. Trei itandikwe karatasi ya kuokea au ipakwe mafuta kidogo, na madonge yaachiane vidole viwili. Usiyabonyeze juu, usiyapake yai. Yatapata rangi yenyewe kutokana na jibini.

Moto

Oveni iwashwe mapema, nyuzi 200, na iwe imepata moto kabisa kabla trei haijaingia. Mikate hii hufurishwa na mvuke wa majimaji yake yenyewe. Moto ukiwa hafifu mwanzoni, maji yanatoka taratibu, ngozi inakauka kabla ya kutanuka, na unapata vijiwe. Baada ya dakika kumi punguza hadi nyuzi 180 kama unaona juu inakimbilia kuwa kahawia. Kwa jumla ni dakika 20 hadi 25.

Usifungue oveni dakika kumi na tano za mwanzo. Baada ya hapo angalia: juu iwe na rangi ya dhahabu yenye madoa, chini iwe imeshikika, na mkate ukiuinua uwe mwepesi kuliko unavyoonekana. Ukitoa mapema utavutia machoni kisha utanywea ukipoa.

Asiye na oveni apalie. Chukua sufuria nzito yenye mfuniko wa bati usio na plastiki, weka ndani kisahani cha chuma au mchanga mkavu chini, ipashe moto, kisha ingiza trei ndogo ya mikate. Mkaa mchache chini, mwingi juu ya mfuniko, kama unavyopalia mkate wa kumimina. Hatari yake ni chini kuungua, kwa hiyo ukishaona juu inafura, toa nusu ya mkaa wa chini. Mikate ya namna hii haifuri sawasawa pande zote, ila harufu ya mkaa na jibini ni jambo la kushukuru.

Kwa mwenye siliaki

Hapa naomba usipite haraka. Kwa anayeepuka ngano kwa hiari, chembe mbili tatu si msiba. Kwa mwenye ugonjwa wa siliaki, gluteni kidogo tu huufanya mwili ushambulie utumbo wake wenyewe, na madhara yanaendelea hata kama siku hiyo hasikii maumivu. Kiwango kinachokubalika kimataifa kwa chakula kuitwa hakina gluteni ni kisichozidi miligramu 20 kwa kila kilo. Ni kidogo mno kuonekana kwa macho.

Muhogo hauna gluteni, lakini pakiti yake inaweza kuwa imejazwa kwenye mashine iliyotoka kujazia ngano. Nunua inayosema wazi kwenye pakiti. Za Brazil zina nafuu hii: tangu sheria ya mwaka 2003, kila chakula cha pakiti huko lazima kiandikwe "contém glúten", yaani kina gluteni, au "não contém glúten", yaani hakina. Tafuta hilo la pili. Wanga wa kupimiwa sokoni kutoka kwenye gunia, kando ya gunia la ngano na kwa kopo lile lile, usimlishe mgonjwa, hata kama muuzaji ni mtu wako.

Jikoni nako: chekeche iliyochekechea ngano haisafishiki, weka nyingine kabisa. Mwiko wa mbao na kibao cha chapati vile vile. Trei itandikwe karatasi mpya. Na usioke siku moja na chapati au maandazi, maana vumbi la ngano hukaa hewani na kutua popote. Kama nyumba ina mtoto mwenye hali hii, ningependelea vyombo vyake viwe na rangi moja inayojulikana na kila mtu, msaidizi wa kazi akiwemo, kuliko kutegemea kumbukumbu.

Neno moja kwa wenye kisukari na wanaowalea: kutokuwa na gluteni hakuifanyi mikate hii kuwa myepesi mwilini. Wanga mtupu hupandisha sukari upesi. Hesabu uliyokula kama unavyohesabu wali. Na asiyepatana na maziwa, hiki si chakula chake.

Ikienda kombo

Mikate ikilala bapa kama biskuti, mara nyingi mchanganyiko ulikuwa na maji mengi au oveni haikuwa na moto wa kutosha. Kwa madonge yaliyobaki, yatie kwenye friji nusu saa na uongeze moto.

Ikiwa migumu, yenye ganda nene na isiyofura, maziwa hayakuchemka vizuri, au jibini lilikuwa kavu lote, au imekaa motoni muda mrefu kwa joto la chini. Ikipasuka vipande juu, mchanganyiko ulikuwa mkavu, lakini kwa wanga mchachu mipasuko kidogo ni kawaida na wengine huitaka.

Ikiwa na shimo kubwa ndani na ganda jembamba, wanga mchachu umezidi au mayai yamezidi. Haiharibiki kuliwa. Wengine huijaza nyama au jibini laini kwenye shimo hilo.

Kuna malalamiko ambayo si kosa: kwamba ndani unavutika na una unyevu kidogo. Huo ndio mkate wenyewe. Aliyezoea mkate wa ngano hudhani haujaiva. Mbichi wa kweli utautambua kwa ladha ya unga na kwa kuganda kwenye meno, wakati ulioiva huvutika kisha ukakatika safi.

Watu huniuliza pia kuhusu njia ya blenda, ya kumimina kila kitu pamoja na kuoka kwenye vikombe vya keki ndogo. Ipo, Wabrazili wenyewe huifanya, na asubuhi ya haraka inasaidia. Maziwa hayachemshwi, uji unakuwa mwepesi, na vikombe ndivyo vinavyoushika badala ya wanga ulioiva. Matokeo yake ni laini na matupu zaidi ndani. Sikatazi. Ila anayeonja mikate hii kwa mara ya kwanza maishani ningetaka aonje ile ya maziwa ya moto.

Kula na kuhifadhi

Huliwa ya moto, dakika tano baada ya kutoka ovenini, na kahawa. Minas ni nchi ya kahawa na wenyeji wake hawavitenganishi viwili hivi. Wengine hupasua mkate na kutia kipande cha jemu nzito ya mapera. Kwetu chai ya maziwa yenye iliki haigombani nayo hata kidogo.

Ikishapoa hukakamaa, na baada ya saa nne tano si ile tena. Irudishe ovenini dakika tano, au uipashe kwenye kikaango kikavu chenye mfuniko. Maikrowevu huilainisha kwa muda mfupi kisha ikawa mpira.

Kwa hiyo usioke mingi kuliko italiwayo. Gandisha madonge mabichi: yapange kwenye trei bila kugusana, tia kwenye friza hadi yawe magumu, kisha yahamishie kwenye mfuko uliofungwa vizuri. Yanakaa miezi miwili hadi mitatu bila shida. Asubuhi yatoe na uyaingize ovenini yakiwa bado yameganda, kwa nyuzi 190, ukiongeza dakika tano hadi nane. Usiyaache yayeyuke kwanza, yatalala. Kwa mtoto wa siliaki anayekwenda shule, mfuko huu wa friza ni nafuu kubwa sana: mitatu ya moto kwenye kikopo chake, na saa ya mapumziko ana kitu ambacho hata wenzake watakiomba.

Kwa anayetaka wanga mchachu wa nyumbani

Hii si ya siku ya kwanza. Baada ya kutuamisha wanga wako na kuuosha kama nilivyoeleza, usiuanike. Uache ndani ya ndoo safi ya plastiki au chombo cha kioo, umefunikwa na maji kwa vidole vinne juu, na mfuniko usiobana. Weka kivulini. Utaanza kutoa mapovu, na harufu itakuwa ya maziwa mgando yenye uchachu safi. Kwa joto la pwani wiki mbili au tatu zinatosha, nyanda za baridi huchukua hata mwezi na zaidi. Maji yakipungua ongeza. Ukiona ukungu wa rangi, mweusi au wa waridi, au harufu ya kuoza, mwaga vyote.

Kisha mwaga maji, uuvunjevunje, na uanike juani. Lazima iwe jua. Uchachu na mwale wa jua kwa pamoja ndivyo vinavyoubadilisha wanga hadi upate nguvu ya kufura, na ule uliokaushwa ovenini au kivulini hautafura hata kama umechachuka vizuri. Ndiyo maana kusini mwa Minas Gerais watengenezaji wa polvilho azedo huutandaza kwenye vitambaa virefu chini ya jua na kuugeuza kwa mikono. Siku moja au mbili za jua kali, tabaka jembamba, ukiupindua kila baada ya saa chache.

Upime kabla ya kuuamini: changanya vijiko vitatu vya wanga huo na maji ya moto kidogo hadi ufinyangike, tengeneza donge moja bila yai wala jibini, lioke nyuzi 200. Likifura lenyewe na kuwa jepesi, umefanikiwa, na unaweza kuuchanganya nusu kwa nusu na mtamu kwenye vipimo vya hapo juu. Likibaki dogo na gumu, utumie kama wanga mtamu wa kawaida, na safari ijayo uuache majini kwa wiki moja zaidi.